Siku Waliyozungusha Sahani

Stockton, Jumatatu

Kaka Crisanto,

Natumaini baridi ya Alaska haijakugandisha masharubu huko kwenye boti la samaki. Sisi hatujambo. Binti yako ameota jino. Mchoro wangu wa vibarua wa mashamba ya mboga ya asparaga umekwisha ukutani. Bibi Fermina analalamika nimempa marehemu mumewe pua ya bata.

Filamu ninayotengeneza kuhusu wazee wetu nayo inaenda. Jumapili ile ya chakula ukumbini, wiki tatu zilizopita, niliacha wali wangu nikasimama na kamera. Ghafla wazee wote kumi na wawili wakatazama mlangoni, kisha kila mmoja akazungusha sahani yake, kama Mama alivyotufundisha: mtu akiondoka wenzake wakila, zungusheni sahani, afike salama. Lakini hakuna aliyetoka.

"Kwani nani ameondoka?" nikauliza.

"Acha mzaha wewe," Babu Eusebio akanijibu. "Si kaka yako huyo, katoka sasa hivi? Tena kalowa chepechepe, hata kuaga hakuaga!"

Nilicheka, kaka. Nilijua wazee wameamua kunitania.

Jana niliitazama filamu hiyo mara saba. Mlangoni hapaonekani mtu. Sahani kumi na mbili zinazunguka. Ya kumi na tatu, yangu, imetulia tuli, maana mikono yangu ilikuwa kwenye kamera.

Ni wiki ya tatu simu yako haipatikani. Tangu jana naizungusha sahani yangu kila mlo, hata nikila peke yangu. Niandikie japo neno moja, uniambie sijachelewa.

Mdogo wako,
Nenita