Muswada wa Choo

Jumatatu, 10 Januari

Nimeapa, sasa ni mbunge wa jimbo! Mkono mmoja juu ya Biblia ya marehemu mama, mwingine hewani. Spika alilitamka jina langu — Herminia Quezada — akalitafuna kama karanga mbichi. Nikamsamehe palepale.

Ubaldo wangu kavaa suti ya harusi yetu, vifungo vinalia. Chelo, rafiki yangu wa kiwanda cha nyama, kaleta wanawake sita wa kiwandani, mwendo wa saa tano ndani ya gari moja kwenye barafu. Wawili walinyimwa ruhusa na supavaiza, wakaja hivyohivyo. Wakinipigia makofi kule juu kwenye roshani ya wageni, askari wa mlangoni akawaambia wapunguze sauti. Chelo akamjibu: "Mwanangu, punguza wewe masikio."

Baadaye akanishika mashavu: "Wee Hermi! Mji mzima sisi wahamiaji ndio tunaoujaza, na kiti hiki hakijawahi kukaliwa na mtu anayejua kugeuza tortilla, chapati yetu ya mahindi. Kaa bwana. Kaa ukijaze!"

Nimeshinda kwa tofauti ya kura thelathini na nane. Hao thelathini na nane nadhani nawajua kwa majina. Mungu awazidishie.

Jumatano, 19 Januari

Jirani yangu wa dawati anaitwa Dwight Hoekstra. Mfugaji wa ng'ombe, mzee, wa chama kile kingine. Jana nilibonyeza kitufe cha kijani, cha ndiyo, nilipotaka chekundu, cha hapana. Akanigusa kiwiko, akanong'ona: mama, unapiga kura wakuondolee barabara yako mwenyewe. Nikabadilisha kabla ubao wa kura haujafungwa! Hakuwa na sababu ya kunisaidia hata moja. Kesho nampelekea tamale, unga wa mahindi uliofungiwa nyama ya nguruwe ndani.

Muswada wangu nimeuwasilisha. Mistari kumi na moja tu. Mfanyakazi wa laini ya nyama akiomba kwenda choo, aachiwe ndani ya dakika kumi, na asiandikiwe kosa. Basi. Karani aliposoma kichwa, mtu akacheka nyuma. Kwenye korido mheshimiwa mmoja, kijana wa tai ya bluu, akaita: "Jamani, Mheshimiwa Choo huyo!"

Nikageuka. "Ndiye. Na wewe leo umeshakwenda mara ngapi?"

Mara mbili, akasema, kabla hajajua anasema nini. Wenzake ndio wakamcheka yeye.

Alhamisi, 3 Februari

Kamatini leo. Nilidhani mimi ndiye nitakayezungumza. Miaka kumi na tisa nimekata nyama pale, nina ya kusema. Lakini Chelo ndiye aliyeketi mbele ya kipaza sauti, na mkalimani pembeni yake.

Akasema hivi, nayaandika yasinipotee: "Mimi ni bibi wa wajukuu wanne. Dukani nanunua pampasi za mjukuu mdogo. Halafu nanunua na zangu. Sina ugonjwa. Ng'ombe wanapita, siwezi kutoka, supavaiza ananiambia subiri. Nasubiri. Nina miaka sitini na moja, nanuka mkojo mbele ya vijana niliowafundisha kushika kisu. Hilo tu."

Mkalimani alikwama kwenye neno mkojo. Akanywa maji. Akaendelea.

Yule wa tai ya bluu alikuwa anatazama meza.

Tisa kwa nane — umepita kamatini! Chelo hakulia. Mimi ndiye niliyelia, kwenye ngazi, na kitambaa kikatolewa na mzee Hoekstra, ambaye alikuwa amepiga kura ya hapana. Akasema hapana yake ni ya muswada, kitambaa ni changu.

Jumatano, 23 Februari

Pruett ameniita ofisini kwake. Ndiye kiongozi wa chama chenye wabunge wengi, kile cha Hoekstra, na bila yeye hakuna muswada unaofika ukumbini. Kahawa, biskuti, "Herminia, dada yangu." Nikajua kuna jambo.

Akatandaza ramani mpya ya maeneo ya uchaguzi. Mji wetu umepasuliwa kwa kalamu, kufuata reli. Wa kaskazini wametupwa kwa wafugaji, wa kusini wametupwa kwa wakulima wa ngano, mwendo wa saa mbili. Kila upande tutakuwa kama chumvi kwenye pipa la maji. Hatakaa apatikane wetu mwingine. Mimi mwenyewe nitatoka uchaguzi ujao.

Akasema wazi, na kwa hilo namshukuru. Anahitaji kura sitini na tatu kati ya mia moja ishirini na tano. Anazo sitini na mbili, hesabu na Hoekstra ndani. Baadhi ya watu wake wamemgomea. Nikimpa yangu, muswada wa choo unakuja ukumbini siku ileile na watu wake wanaupitisha. Nikimnyima, unalala.

"Kiti utakipoteza siku moja, hata hivyo," akasema. "Choo utakuwa umewaachia."

Ubaya ni kwamba si uongo.

Nimemuuliza Hoekstra. Hakunizungusha. Chama kimemlea miaka ishirini na sita, atapiga ndiyo. Ananiambia mapema ili nisishtuke. Nimempa mkono. Ukweli ni ukweli hata ukiuma.

Jumapili, 27 Februari

Sikutaka kuamua peke yangu. Baada ya misa nimewakusanya wanawake wa laini kwenye ukumbi wa kanisa. Kama arobaini hivi. Wamekuja na sufuria za pozole, supu yetu ya mahindi na nyama, kana kwamba kuna ubatizo!

Nimewaeleza yote. Nikachora reli ubaoni, nikaonyesha nani anakwenda wapi.

Chelo akasimama wa kwanza. "Hermi, nakupenda, lakini mimi sikojoi kwenye kiti chako cha bunge. Nakojoa kwenye suruali yangu! Wape ramani yao. Tupe choo."

Makofi. Nyuso za wengi zilikuwa naye. Na mimi moyoni nilikuwa naye.

Kisha Yesenia Arriaga. Ana miaka ishirini na nne, anafanya kazi upande wa mifupa, huwa hasemi. Akasema: mama Chelo, umri wako nauheshimu. Lakini habari ya choo imefikaje mpaka Pruett aijue? Kwa sababu mmoja wetu yuko mle. Mwaka huu choo. Mwakani mtu akikatika mkono, nani atamsemea? Pruett?

"Wewe kibofu chako bado kizuri," Chelo akamjibu. Watu wakacheka. Yesenia naye akacheka, machozi yakimtoka. Akasema mama yake naye alikuwa na kibofu kizuri, kabla ya laini.

Saa mbili tumebishana. Hawakunipa amri. Mwishoni nilimkuta Chelo jikoni anaosha vyombo, kanipa mgongo.

"Ukikosea, mimi ndiye wa kwanza kukusema," akasema. "Mji mzima utasikia."

"Najua."

"Na jioni njoo ule kwangu. Umekonda."

Ni watu gani hawa niliopewa! Nimefanya nini nikawastahili?

Jumatatu, 7 Machi

Ubaldo kaniuliza asubuhi, nimeamua? Nikamwambia bado. Akasema uso wangu umeshaamua tangu Jumapili ile. Akanifungia chakula cha njiani.

Alhamisi, 10 Machi. Ukumbini, mchana

Naandika daftari likiwa magotini, chini ya dawati. Sitaki kusahau hata moja.

Ramani ndiyo ya nne kwenye orodha. Muswada wangu ni wa tano — Pruett kauweka pale niuone. Chelo yuko juu na wenzake. Yesenia kakaa pembeni yake, wanashiriki koti moja.

Nilisimama nikasema kidogo. Kwamba nawashukuru kwa kuniheshimu hata kunipa bei. Kwamba niliokaa nao kiwandani wana haki ya choo bila mimi kumuuza atakayekuja baada yangu. Nikaketi.

Kengele. Nimebonyeza. Nyekundu.

Sikuangalia juu. Siwezi. Nisamehe, Chelo.

Ubao unajaa. Sitini na moja kijani. Sitini na mbili nyekundu — tumo wengi kuliko nilivyodhani! Waliobaki ni wawili. Mmoja yuko hospitali. Mwingine ni Hoekstra. Kwa hiyo wa ndiyo hawafiki sitini na tatu hata akiwapa yake? Hapana, hawafiki. Lakini kura bado ziko wazi, na Pruett ameshamwinamia yule wa tai ya bluu, mtu wa chama chake, ambaye ni mwekundu! Mwekundu, yule! Kijana akigeuka na Hoekstra akiwapa yake, wanafika sitini na tatu. Anamnong'oneza. Kijana anatikisa kichwa. Pruett hatoki.

Hoekstra ameweka mikono yote miwili mifukoni.

"Mama," ananiuliza, bila kunitazama, "nikinyamaza, si nimepiga kura pia?"

Nimemwambia umepiga, Dwight.

Kijana amegeuka nyuma, ananitazama mimi. Kidole chake kiko kwenye vitufe. Spika anauliza kama wote wamemaliza. Juu kule mtu ameanza kupiga makofi peke yake, taratibu, na askari anamwambia aache, na haachi — ni Chelo, yule aliyesema mji mzima utasikia.