Mto Aliouomba Bibi Folasade

Hyattsville, Maryland

Dada Jepkorir,

Huku theluji imeyeyuka, nami ni mzima. Bibi Folasade niliyekuwa nikimtunza alifariki Jumapili. Alikuwa Mmarekani Mweusi aliyejifunza Kiswahili vitabuni, na hakukubali nimjibu kwa Kiingereza hata nikiwa nimechoka.

Kwao ni Carolina Kusini, kando ya mto Santee. Alipokuwa mtoto, mto ulizibwa kwa bwawa la umeme, maji yakafunika shamba lao na makaburi ya babu zake, waliolima pale tangu utumwani.

Siku za mwisho alinishika mkono akasema, "Chebet, nataka mto." Nikamwekea mto chini ya kichwa. Akanitazama, akasema tena, "Mto." Nikamwongezea wa pili. Hakuomba tena.

Mazishini mwanawe, Jahi, aliniuliza mama yake aliomba nini. "Mto tu," nikamwambia. Akaangua kilio. Kiswahili chake ni cha mama yake. Mto anaoujua ni ule wa maji.

Makaratasi yangu bado, Dada, siwezi kuja. Unasema Mama sasa hutamka neno mojamoja tu. Akiomba kitu, usikimbilie kumletea. Muulize kwanza.

Mdogo wako,
Chebet