Makazi ya Mdai: Ntambu

Jumanne, 2 Septemba 1975

Nimeshinda! Miaka ishirini na sita kwenye kaunta ya benki, minne ya kudai pensheni, na leo hakimu kasoma: benki ilipe. Amri ninayo, ina muhuri. Mke wangu Dina kapiga vigelegele peke yake, kisha kikohozi kikamkamata. Nimemwambia ikitoka pensheni ya kwanza tu, tunapanda basi la Kiomboi, hospitali.

Ijumaa, 5 Septemba

Benki. Kwenye kaunta yupo Manase, niliyemfundisha kazi mimi. Shikamoo mzee. Kasoma mara mbili. Amri inasema mdai ni mtu wa Ntambu, barua ya kijiji inasema Ulemo. Hao ni watu wawili, mzee.

Mjinga mimi! Karani wa mahakama aliniuliza kwangu ni wapi, nikajibu Ntambu. Ningejibu nini? Baba kalala Ntambu, na babu. Ulemo tulishushwa na lori mwaka jana, wakati wa Operesheni ya kuhamishia watu kwenye vijiji vipya, sisi na masufuria yetu. Mnyiramba akiulizwa kwao hataji aliposhushwa na lori.

Sikumgombeza Manase. Nilimfundisha mwenyewe: karatasi zikipingana, usilipe. Wajane wangapi niliwarudisha hivyo! Mmoja alikuja kwa miguu kutoka Kinyangiri. Sikumpa hata maji.

Jumatatu, 8 Septemba

Mahakamani. Kurekebisha amri kunataka hakimu, na hakimu kahamishwa. Mwingine? Hajulikani lini. Karani kanihurumia: basi tarishi wa mahakama aje Ntambu, akukute kwa macho yake, asaini kwamba upo. Benki haitakuwa na neno. Alhamisi ya wiki ijayo.

Nimemweleza Gasto, mwenyekiti wetu wa kijiji. Katikisa kichwa. Ntambu si kijiji tena, anayerudi anatolewa na mgambo. Jirani yetu Stefano alirudi na mbuzi wake, yuko mahabusu mpaka leo. Nami sikukuona ukiondoka, kasema. Ndiyo msaada wake wote.

Jumapili, 14 Septemba

Damu kwenye leso ya Dina. Kaificha, nimeiona. Sijaenda kanisani.

Alhamisi, 18 Septemba

Ntambu, tangu asubuhi. Paa hakuna, kuta zimebaki usawa wa kiuno. Mawe ya kaburi la baba yapo. Nimekaa juu ya kinu cha Dina kilichopasuka, nimevaa suti ya benki na tai. Tarishi aone kwamba hapa pana mwenyewe! Najiona kichekesho.

Saa tisa. Hajaja mtu.

Saa kumi. Vumbi barabarani. Baiskeli mbili. Karani alisema tarishi huja peke yake — au ana mwenzake? Macho yangu hayafiki. Korongo liko hatua kumi, naweza kujificha. Lakini akiwa ni tarishi ataandika: mdai hayupo. Na hiyo ndiyo itakuwa kweli milele, nawajua watu wa karatasi, nilikuwa mmoja wao.

Wameshuka. Mmoja ana kitu kirefu begani, kama bunduki ya mgambo. Dina, nisamehe — nasimama, nimeinua amri juu, wanione vizuri