Mama, Kesi ya Mikorosho Imefufuka

Mama yangu,

Tangu tukuzike nimekuja kaburini mara nyingi, lakini dada Zuhura hunitangulia kulia, nami nikimwona vile maneno yananikauka. Kwa hiyo leo nimekaa kibarazani kwangu hapa Ufukoni, nikuandikie. Usinicheke. Najua ungesema, "Mtoto huyu, hata maiti anataka kumsomesha."

Kesi yako imefufuka, Mama.

Nianzie nyuma kidogo. Baba alipofariki, Baba Mdogo alilichukua shamba la kule mdomoni mwa Ruvuma, akasema kila kilichomo ni cha kaka yake. Wewe ukasema, ardhi sawa, ya mume wangu, ila mikorosho nimeipanda kwa mikono yangu, na mti ni wa aliyeupanda. Hakuna asiyejua hilo kijijini, hata yeye mwenyewe.

Mimi nilikuwa kazini kwenye bandari mpya, ukaenda na Zuhura barazani kwa liwali, Mikindani, kumshitaki. Ukaenda na jogoo. Kwetu mtu hapeleki shauri kwa wazee mikono mitupu. Kuku ndiye anayewafungua midomo. Karani akakwambia taratibu, "Mama, hapa ni ada ya fedha tu. Kuku hatupokei." Ukamjibu, "Mpokee, baba, utazoea." Tarishi, kwa kukuonea haya, akamfunga jogoo nyuma ya baraza ili umchukue ukiondoka. Ukamwacha pale, ukarudi nyumbani na moyo mweupe, ukiamini umelipa. Zuhura akinisimulia huwa anacheka mpaka analia, na mara nyingine analia tu.

Siku za kulipa zikapita. Ikaja karatasi: shauri limekataliwa, ada haikulipwa. Wewe ulisikia neno moja tu, limekataliwa. Ukasema, "Nimeshindwa, wanangu," ukaingia ndani. Hukuitaja tena mikorosho, wewe uliyekuwa ukiisalimia asubuhi mmoja mmoja kama wajukuu. Homa ilipokuja ikakukuta umeshakata tamaa. Hilo linaniuma, Mama. Linaniuma sana.

Msimu huu Baba Mdogo alimwambia Zuhura ahame na watoto wake kwenye nyumba yako ya shambani, kwa sababu kesi imekufa na mwenyewe. Nikapandwa na hasira, nikaenda Mikindani kuuliza kama ni kweli. Karani ni yuleyule. Akalitafuta faili, akalisoma, akaniambia, "Mama yako hakushindwa. Hakusikilizwa." Shauri lililokataliwa kwa ajili ya ada halijaamuliwa, warithi wanaweza kulifungua upya, mradi walipe. Nilikaa kwenye ngazi za baraza nikalia mchana kweupe, watu wanapita. Ulikufa umebeba kushindwa ambako hakukuwepo.

Basi tukawapeleka wazee wawili wakathibitisha kwamba sisi ni wanao. Ada nimeilipa kwa kuuza baiskeli, ile uliyokuwa ukiiita mkwe wako, ukisema nimeoa chuma. Sasa naenda bandarini kwa miguu, na talaka ile sijaijutia.

Baba Mdogo alipopata samansi alimfuata Zuhura nyumbani. Alikunywa chai, akazunguka weee, mwisho akasema tuyamalize kindugu: Zuhura abaki na nyumba, mikorosho tumwachie yeye. Zuhura unamjua, hata kuku wakiingia jikoni hawafokei. Siku hiyo akamwambia, "Baba Mdogo, Mama alitaka shauri lake lisikilizwe. Naomba tungoje lisikilizwe." Akamwongezea chai. Laiti ungekuwepo ukamsikia mwanao.

Tunaitwa Jumatatu. Nimekwisha kuomba ruhusa kazini. Naogopa, sikufichi. Baba Mdogo ana maneno mengi, na mimi nikisimama mbele za watu wakubwa ulimi unakuwa mzito, tabia ambayo ulisema sikuirithi kwako. Liwali anaweza akampa yeye mikorosho yote, na Zuhura akafungasha vyombo vyake. Kwa hiyo siwezi kukuahidi mikorosho, Mama.

Ninachokuahidi ni hiki: Jumatatu nitasimama mahali pako, niseme yote uliyokwenda kuyasema, na sitakaa mpaka niyamalize. Wakiamua, waamue wamekwisha kukusikia.

Mungu akupanulie kaburi lako. Lala, Mama. Hukushindwa.

Mwanao,
Saidi