Herufi U ya Mama

Jumatatu, 6 Oktoba
Maji mara mbili. Viazi nimemenya. Halafu somo la Mama, kama kila asubuhi kabla ya shamba. Tumefika ukurasa wa kumi na mbili wa kitabu cha darasa la kwanza. Anasoma kwa kidole. Akifika kwenye neno mtoto anasimama, anachomoa kalamu ya risasi kwenye kitambaa chake cha kichwa, anaongeza u. Mutoto.

"Kitabu iko na makosa," aliniambia siku ya kwanza. "Bamesahau u. Sasa mudomo itafunguka namna gani?"

Nilimweleza kwamba ni Kiswahili sanifu. Akasema sanifu haijafika Muheto. Ameshasahihisha kurasa kumi na moja. Niko mwaka wa nne wa pédagogie, masomo ya ualimu, na hakuna mwalimu aliyetufundisha la kufanya hapo. Nimemwacha aendelee.

Hakuna anayejua kwamba Mama anasoma. Ametaka hivyo. Jumapili ya tarehe 26 ni sikukuu ya parokia, na Padri atatafuta mama mmoja wa kusoma nia ya wakulima. Ni sentensi moja tu ya maombi. Mama atainua mkono. Anataka kuona nyuso za watu.

Alhamisi, 9 Oktoba
Tonton Anselme amefika kutoka Goma, vumbi mpaka kwenye kope. Ni mdogo wake Mama, tumbo moja. Ndiye anayeandika na kutengeneza Jirani Hanyamazi, kichekesho cha televisheni cha kila Jumamosi. Alianza akiwa mtumikiaji wa misa, akiiga kikohozi cha padri mzee ndani ya sakristia. Kisha redio. Sasa ana kamera na wachezaji sita, na kila neno wanalosema limetoka kwake.

Mwaka jana aliniambia niandike vitu ambavyo watu wanasema kweli. Usitunge, alisema, sikiliza. Nina kurasa arobaini katika daftari la vichekesho. Nataka kufanya kazi yake. Sijamwambia mtu mwingine.

Leo alisoma daftari lile nyuma ya nyumba, amekaa juu ya kuni. Alicheka mara tatu. Nilihesabu. Alinionyesha kufuta mstari wa mwisho wa kila hadithi, maana mimi hueleza watu walipaswa kucheka wapi. Ni kweli. Ninaeleza sana.

Kisha akafika ukurasa wa Mama na herufi u. Ningeweza kuandika hapa kwamba nilisahau kuwa upo. Sikusahau. Ndio ukurasa wangu mzuri kuliko yote. Nilimwambia huo hapana, ni siri ya Mama.

"Mapendo, mimi niko muntu wa nje?" akasema. "Ile tunaacha."

Akaomba maji ya kunywa. Niliporudi na kikombe alikuwa anaingiza simu mfukoni.

Likizo kubwa atanichukua Goma, nikae naye anapoandika. Ameahidi mbele ya Mama.

Ijumaa, 10 Oktoba
Ameondoka. Mama amemfungia jibini nne. Mama aliacha shule mwaka wa kwanza, kwa sababu lazima mmoja achunge ng'ombe ili mwingine asome. Analisema kama mtu anayesema jana mvua ilinyesha.

Jumamosi, 18 Oktoba
Sitaki kuandika. Naandika.

Tulikwenda kwa Papa Kambale, mfanyabiashara wa Butembo mwenye televisheni dukani. Watu walijaa mpaka mlango ukabaki wazi. Mama alipewa kiti cha mbele kwa sababu ni dada wa mwenye kipindi.

Mchezaji mpya aliingia. Mama mnene, kitambaa cha kichwa, kalamu imechomekwa ndani. Alipita mjini akiongeza u kwenye vibao. Duka la dawa. Ofisi ya chefu wa eneo. Kaburi. Papa Kambale alijifuta machozi kwa kucheka. Mama pia alicheka, mwanzoni. Halafu mkono wake ulipanda kwenye kitambaa chake na kubaki huko.

"Kitabu iko na makosa," mchezaji akasema. Neno kwa neno. Hata kituo nilichoweka, amekiheshimu.

Mwishoni majina yalipanda kwenye kioo. Watu walikuwa wameanza kuongea. La mwisho: Wazo la Mapendo, Muheto. Niliomba lipite haraka. Mama aliinama mbele, kidole hewani.

"Ma," akasema. "Pe."

Watu wakageuka kumtazama.

"Ndo."

Ni neno la kwanza nililomfundisha. Ni neno la kwanza alilosoma nje ya nyumba yetu. Sasa wote wakajua kwamba anajifunza kusoma, na wakajua ni nani aliyeitoa siri yake. Kutoka nyuma mmoja akaita, "Mama U." Wakacheka tena.

Alitembea mbele yangu njia nzima. Hakunipiga. Alipanda kiti, akaweka kitabu juu ya kabati na kalamu juu ya kitabu.

Tonton ametuuza. Lakini mimi ndiye niliyempa cha kuuza. Mimi ni mtoto mbaya.

Jumatatu, 20 Oktoba
Hakuna somo. Mama amekwenda shambani mapema.

Kisimani watoto wanamwimbia u, ndefu, kama ng'ombe. Anajaza ndoo yake. Anawasalimu mama zao. Shuleni wenzangu wananipongeza kwa jina langu kwenye televisheni. Hilo ni baya kuliko wimbo.

Jumatano, 22 Oktoba
Nimepanda kilima nyuma ya shule, penye rezo ya simu. Nimempigia Tonton.

Alifurahi kunisikia. Kipindi kimependwa kuliko vyote alivyotengeneza. Mama U atarudi kila Jumamosi. Alitaka kurasa zaidi.

Nilimwambia aliahidi. Akasema hakumtaja Mama kwa jina. Nilimwambia alinitaja mimi.

"Kuko batu bananiandikia miaka kumi, sijabaweka jina," akasema. "Wewe nimekuweka."

Anaamini kabisa kwamba amenipa zawadi. Sauti yake ilikuwa na upole wote. Hilo ndilo lililonitisha.

Nilimwambia: Mama hakujua kusoma kwa sababu wewe ulisoma. Alichunga ng'ombe kwa ajili yako. Akavuta pumzi. Nilifikiri analia. Nilimngojea.

"Ile nayo iko muzuri," akasema. "Iandike."

Nilikata. Goma imekwisha. Likizo kubwa nitalima.

Jumapili, 26 Oktoba
Sikukuu. Kwaya mbili, ngoma, kanisa limejaa. Padri aliuliza ni mama gani atasoma nia ya wakulima. Nilimtazama Mama. Alitazama mikono yake.

Mama mwingine alisoma. Aliruka neno mvua. Mama alijua, maana midomo yake ilikuwa imeshalifikia. Sentensi ile ni ileile kila mwaka, naye aliijua tangu Septemba.

Mlangoni watoto waliimba u, kwa sauti ya chini, kwa heshima ya kanisa.

Nimechana ukurasa wa Mama kutoka daftari la vichekesho na kuutia motoni. Haisaidii kitu. Tonton anao kwenye simu.

Jumanne, 28 Oktoba
Mvua asubuhi. Maji mara moja tu, pipa limejaa lenyewe.

Kitabu bado kiko juu ya kabati. Kalamu haipo. Nilitafuta chini, nikidhani panya.

Baada ya shule nilitoa daftari hili chini ya godoro. Lilifunguka kwenye Jumamosi ile. Kuna u ndogo za kalamu ya risasi juu ya mistari yangu. Kwenye mfanyabiashara. Kwenye mlango. Kwenye mkono wake. Zimeandikwa polepole, nyingine zimefutwa kwa mate na kuandikwa tena. Lazima ilimchukua muda mrefu. Amesoma mpaka mwisho.

Mstari wa mwisho ameweka u kwenye mtoto. Ameweka u kwenye mbaya pia. Kisha neno hilo amelipiga mistari miwili, kwa nguvu, karatasi imetoboka.

Yuko nje, anachambua maharage. Amefunga kitambaa chake. Kutoka hapa sioni kama kuna kitu ndani. Sijauliza.

Leo ninaandika kwa herufi kubwa.