Getini, Si Jikoni

Jumanne, 4 Julai

Keshokutwa mama anapanda kizimbani kutoa ushahidi. Leo tulikwenda ofisini kwa mwendesha mashtaka, Bi Thenral. Sauti ndogo, miwani inaning'inia shingoni. Anasema haitoshi kwamba Rathinavel, mwenye nyumba anakofanya kazi mama, alimtukana kwa jina la tabaka letu la chini. Lazima ithibitishwe alijua sisi ni nani — hilo rahisi, si ndiyo maana tunaishi ng'ambo ya mfereji? — na kwamba alitukana mahali pa wazi. "Getini, kando ya barabara, hilo ni kosa. Ndani ya nyumba, bila mtu wa nje kusikia, kesi imekwisha."

Ilikuwa getini kwake. Nilikuwepo! Mama alitoka mkutano wa wazazi shuleni kwangu, akapita mtaa wa juu, kwa akina Rathinavel, na ndala miguuni. Sisi tukifika huko huvua, tunazishika mkononi. Alisahau. Au hakusahau — sijamuuliza. Rathinavel akatoka, akamwambia lile neno, akazitupa ndala mtaroni. Maruthan muuza maziwa alikuwa pale na baiskeli yake.

Neno lenyewe siliandiki hapa.

Alhamisi, 6 Julai

Mama amelisema. Jaji alimwambia, "Mama, siwezi kuandika 'alinitukana' basi. Sema alivyosema." Mama akaziba mdomo kwa ncha ya sari. Kisha akalitamka, polepole, kama anatema mwiba wa samaki. Karani akalichapa kwenye kompyuta. Neno lile, kwenye kompyuta ya serikali.

Halafu akainuka Sabesan, wakili wa Rathinavel. Sauti tamu! "Shangazi, umewafanyia kazi tangu ujana. Walikuchukulia kama mtu wa nyumbani, sivyo? Ukiingia jikoni, ukinywa chai na bibi mwenye nyumba?"

Watu walijaa. Walimu wangu wawili walikuwapo, wamekuja kututia moyo.

"Ndiyo," mama akasema.

Sabesan akaketi upesi kama mtu aliyeokota kitu.

Kwenye basi nikamuuliza kwa nini. Akajibu akiangalia nje: "Ulitaka niseme mbele ya walimu wako kwamba chai yangu humiminwa kwenye kifuu cha nazi, nimechuchumaa zizini?"

Sikujua habari za kifuu. Miaka yote hiyo, sikujua.

Jumatano, 12 Julai

Maruthan amegeuka. "Kelele nilisikia, mheshimiwa. Maneno sikuyasikia." Bi Thenral akamsomea aliyowaambia polisi. Eti polisi waliandika wenyewe!

Nje akamfuata mama, macho chini. "Dada, ng'ombe ninaowakamua ni wa akina Rathinavel. Wewe ungefanyaje?"

"Ningekamua," mama akasema, "na ningesema."

Alhamisi, 13 Julai

Zamu yangu. Sauti ikanikimbia. "Binti, feni inasikika kuliko wewe," jaji akasema, akaamuru izimwe. Jasho! Nikasema yote: geti, neno, ndala, mtaro.

Sabesan: "Nasikia unapenda vitabu."

"Ndiyo."

"Hadithi?"

"Ndiyo."

"Basi hii umeitunga vizuri." Watu wakacheka. Akasema mama yangu mwenyewe kakubali kwamba jikoni alikuwa akiingia. Ugomvi ulikuwa humo humo, mambo ya ndani tu. Nikamtazama mama. Nikaogopa kusema kuhusu kifuu. Si langu lile.

Jumapili, 16 Julai

Mama anachambua dengu. Bila kuinua kichwa: "Semmalar, mwambie yule mwanasheria habari za chai. Mimi siwezi."

Nikampigia Bi Thenral. Niliandika kwanza kwenye karatasi nisije nikakwama. Nikakwama hivyo hivyo. Alipoelewa akasema: "Mama yake Rathinavel ndiye shahidi wao. Mzee yule ni mtu wa kujivuna?"

"Sana," nikasema.

Jumatatu, 7 Agosti

Naandika kwenye veranda ya mahakama, mapumziko ya chakula.

Amekuja Bibi Visalatchi, mama yake Rathinavel. Majivu ya hekaluni kwenye paji la uso, fimbo mkononi. Akasema alivyofundishwa: walizozana jikoni, hakukuwa na mtu wa nje.

Bi Thenral akamwonyesha mama, kwa heshima zote: "Bibi, humo jikoni Pechiyamma alikuwa amekaa wapi?"

"Amekaa?"

"Karibu na mtungi wa maji?"

"Mtungi wangu?"

Sabesan akasimama. Jaji akamwashiria aketi.

"Au upande wa picha za miungu?"

"We binti, una wazimu?" Fimbo chini, pa! "Nyumba yangu ni safi! Mama mkwe wangu hakuwaruhusu hawa, na mimi sikuwaruhusu. Huyo hajavuka kizingiti changu hata mwaka wa mafuriko!"

"Mama!" Rathinavel akaita.

"Nyamaza! Unataka watu waseme nilikuwa nakunywa chai na hawa?"

"Basi siku ile alisimama wapi?"

"Getini! Wangesimama wapi kwingine?"

Karani akamtazama jaji. "Andika," jaji akasema.

Sabesan akaruka: mzee ana miaka mingi, kachanganyikiwa, aruhusiwe kumuuliza upya. Hapo ndipo akaharibu kabisa! "Nimechanganyikiwa mimi?" Bibi akanyoosha kidole kwenye benchi letu. "Muulizeni mwenyewe! We Pechiyamma, umewahi kuingia kwangu?"

Mama akasimama.

Jaji akamwambia aketi, zamu yake ilishapita; hoja ya wakili ataitolea uamuzi saa nane. Akaondoka. Watu wakatoka. Bibi akaongozwa nje, bado anafoka.

Wali wa ukwaju uko hapa kwenye kopo, sijalifungua. Namwona mama ndani, kupitia mlango. Hajaketi wala hajatoka. Ameshika mgongo wa benchi la mbele kwa mikono miwili. Askari anataka kufunga chumba, ameshamwambia mara mbili.

"Subiri, kaka," mama anamwambia. "Nimeulizwa swali."