Babu Abdala Hakuinamisha Kichwa

Dar es Salaam, 4 Juni 1956

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Mimi mzima, natumaini wewe, mama na wote hapo Chunyu hamjambo. Ufuta umekubali mwaka huu?

Nina habari kubwa. Mwezi wa Agosti kutakuwa na maonyesho ya picha katika ukumbi mmoja hapa mjini, na mimi mchora mabango ya maduka nimechaguliwa. Nimechora vita vya Maji Maji. Katikati yupo babu Abdala, siku Wajerumani walipomnyonga. Nimemwinamisha kichwa, maana sijui alikuwaje, nyumbani hatajwi, ya kunyongwa nilisikia tu kwa wazee wa kijiji. Naomba ruhusa niandike jina lake chini ya picha.

Mwanao,
Kaimu

Chunyu, Ruangwa, 29 Juni 1956

Mwanangu Kaimu,

Marahaba. Sisi wazima, ila mgongo unamsumbua mama yako. Ufuta umekubali, mihogo ya bondeni imeliwa yote na nguruwe.

Barua yako imenikosesha raha. Baada ya vita, waliotaja ndugu zao waliopigana walichukuliwa na Wajerumani. Bibi yako akatufundisha: mkiulizwa baba yuko wapi, semeni alikufa kwa homa. Nimejibu hivyo mpaka nimezeeka. Ruhusa siwezi kutoa sasa.

Lakini mimi nilikuwepo siku ile, nimeshikwa mkono na bibi yako. Baba hakuinamisha kichwa. Alitutafuta kwa macho, akatuona, akasema kwa Kimwera, "Rudini nyumbani mkale." Mchore hivyo.

Baba yako,
Yunusi

Dar es Salaam, 20 Julai 1956

Baba,

Shikamoo. Mpe mama pole ya mgongo.

Nimekifuta kichwa na kukichora upya. Sasa anatazama watu. Lakini msimamizi wa maonyesho kaniita: "Iite Ngoma ya Wamwera, watu wasiulize maswali." Nikamwambia, "Hii si ngoma, bwana." Akasema basi niiondoe. Bila ruhusa yako sina la kumjibu.

Mwanao,
Kaimu

Simu ya maandishi, Posta ya Nachingwea, 2 Agosti 1956

ANDIKA ABDALA LUKUMANI WA CHUNYU. USIIONDOE. NAKUJA. BABA

Chunyu, 16 Septemba 1956

Mwanangu Kaimu,

Salamu nyingi. Nimefika salama kwa meli na treni. Miguu tu imevimba.

Kuna jambo sikukusimulia pale ukumbini. Ulipokwenda kuninunulia chai, nilibaki mbele ya picha yako, kule pembeni msimamizi alikokubali shingo upande kuitundika. Mama mmoja akaniuliza, "Mzee, unamfahamu huyu?" Mdomo ulitaka kusema homa. Nikasema, "Ni baba yangu. Alinyongwa kwa kupigana na Wajerumani." Yule mama akavua viatu. Wengine wakasogea. Mmoja wa Kilimarondo akasema, "Na babu yangu pia," akalia. Ulipokuja na kikombe ukauliza mbona watu wamejaa, nikakipokea tu. Nilikuwa nakutazama wewe.

Ijumaa tumemsomea hitima, ya kwanza tangu afe. Mama yako alipika, mgongo na yote. Watu walijaa mpaka barabarani. Shehe akauliza dua ni ya nani. Nikasimama, nikalitaja jina kwa sauti, wa nyuma kabisa wakaitikia.

Baba yako,
Yunusi bin Abdala